Utamaduni Unavyotuzoesha Kuona

Utamaduni hauishii kwenye ngoma, mavazi na mapishi. Ni mazoea tunayolelewa nayo tangu utotoni, na hayo hufika mpaka machoni: kipi ukitazame, kipi ukipite, kipi ukikumbuke. Wanasaikolojia wakisema utamaduni huunda fikra na mtazamo, hilo ndilo wanalokusudia.

Mkazi wa Dar es Salaam ana ushahidi mfukoni. Simu inaandika 7:00 asubuhi, naye akiulizwa saa anajibu papo hapo, "Saa moja." Hakupiga hesabu. Amekua akiihesabu siku tangu jua linapochomoza, na tarakimu ya saba anaiona kama moja. Mgeni huona saba.

Mwaka 2001 wanasaikolojia Takahiko Masuda na Richard Nisbett waliwaonyesha wanafunzi wa Japani na Marekani michoro ya samaki wakiogelea, kisha wakawaomba waeleze walichoona. Wamarekani wengi walianza na samaki mkubwa wa mbele. Wajapani walielekea kuanza na mazingira, kama vile rangi ya maji. Linalonigusa zaidi ni lililofuata: samaki wale wale walipowekwa kwenye mandhari mengine, Wajapani walipata taabu zaidi kuwatambua. Walikuwa wamewahifadhi akilini pamoja na mahali pao.

Hata urefu wa mstari haujasalimika. Mwaka 1966 watafiti Segall, Campbell na Herskovits walichapisha utafiti uliotumia mistari miwili iliyo sawa, mmoja ncha zake zimekunjwa kwa ndani, mwingine kwa nje. Watu wa Evanston, Marekani, walidanganyika kuona mmoja ni mrefu zaidi, kuliko watu wa jamii nyingi za Afrika waliopimwa. Watafiti walihusisha hilo na kukulia kwenye nyumba za kuta na pembe zilizonyooka. Maelezo hayo bado yanabishaniwa.

Nenda Feri, soko la samaki la Dar es Salaam, alfajiri. Mvuvi akitupa jicho baharini anajua kusi, upepo utokao kusini, imekaza na maji yanakupwa. Muuza duka aliyetoka Kariakoo kufuata kitoweo anaona maji tu, ingawa wamesimama bega kwa bega na huenda ni kabila moja. Ndiyo maana naona ni kosa kusema "Waafrika huona hivi, Wazungu vile." Matokeo ya tafiti ni wastani wa makundi, hayamhukumu mtu mmoja mmoja. Tena mazoea hubadilika: muuza duka yule akienda baharini na wavuvi msimu mzima, naye ataanza kuiona kusi.