Pangani si mji tu: yanayosemwa kuhusu wilaya na shule zake

Itaje Pangani, wilaya ya pwani mkoani Tanga, Tanzania, mbele ya mtu asiyeifahamu, atakuuliza habari za Boma, majumba ya kale na kivuko. Anadhani mji ule ndio wilaya nzima. Kumbe mji umekaa kwenye mlango wa Mto Pangani tu, upande wa kaskazini. Ukivuka kwenda Bweni, wilaya inaendelea kusini: Mwera, Kipumbwi, hadi Mkwaja inakopakana na Hifadhi ya Taifa ya Saadani. Huko wako wavuvi, wakulima wa minazi na watoto wanaosoma. Anayeishia mjini hajaiona Pangani.

Dhana inayoniuma zaidi ni ya shule za kata. Watu husema ni shule za waliofeli, na kwamba ni mali ya kata. Yote mawili si kweli. Jina hilo lilishika kasi baada ya mpango wa maendeleo ya elimu ya sekondari ulioanza 2004, pale kila kata ilipohimizwa kuwa na sekondari yake. Wananchi walichimba misingi, wakasomba mawe na mchanga, Serikali ikachangia. Mmiliki ni halmashauri. Mtaala ni ule ule wa taifa, na mtihani wa kidato cha nne ni wa Baraza la Mitihani, sawa na wa mtoto wa Dar es Salaam. Mtoto anapangiwa kule baada ya kufaulu darasa la saba. Tofauti iko kwenye mazingira: umbali wa kutembea, uhaba wa walimu wa sayansi na hesabu, nyumba za walimu. Hayo tuyaseme wazi, lakini tusimdharau mtoto kwa sababu ya jina la shule yake.

Wapo wanaoamini Mkuu wa Wilaya ndiye mwenye shule, hivyo kila bati likivuja wanakimbilia kwake. Yeye huteuliwa na Rais kusimamia shughuli za Serikali Kuu. Bajeti ya halmashauri hupitishwa na baraza la madiwani, na mtendaji mkuu wake ni Mkurugenzi. Kwa hiyo diwani wako ndiye wa kumbana, na mbunge pia, maana naye ni mjumbe wa baraza hilo.

Kuhusu elimu bila malipo: ada ya kidato cha kwanza hadi cha nne iliondolewa Januari 2016, na ya kidato cha tano na sita mwaka 2022. Sare na madaftari bado ni juu ya mzazi.

Na mkutano mkuu wa kijiji si wa wazee peke yao. Kila mkazi aliyetimiza miaka 18 ni mjumbe, na unapaswa kuitishwa kila baada ya miezi mitatu. Nenda, uliza mapato na matumizi yasomwe, na uliza mchango wa darasa umefikia wapi.