Usitoze dokumentari kama video ya harusi

Mimi ni mhariri wa dokumentari. Vijana wengi wanaonitafuta wametokea kwenye kuhariri video za harusi, na swali lao la kwanza ni bei: "Kaka, kuhariri filamu ya saa moja nimtoze mtu shilingi ngapi?" Urefu wa filamu haukuambii kitu. Harusi ina ratiba: maharusi wanaingia, keki inakatwa, watu wanacheza, nawe unafuata. Kwenye dokumentari mwongozaji anakukabidhi diski zenye picha za miaka, na bado hajui hadithi ni ya nani.

Tazama Softie, dokumentari ya Mkenya Sam Soko, iliyomfuata mwanaharakati Boniface Mwangi hadi akagombea ubunge wa Starehe, Nairobi, mwaka 2017. Ingeweza kuishia kuwa filamu ya maandamano na kampeni. Kinachoibeba, kwa maoni yangu, ni mvutano wa nyumbani, kati ya Mwangi na mkewe Njeri. Mwaka 2020 tamasha la filamu la Sundance, Marekani, liliipa tuzo maalumu ya uhariri. Kazi ya namna hiyo huwezi kuipatana kwa jumla kama gunia la mkaa.

Mimi natoza kwa wiki. Wiki za mwanzo karibu sikati chochote. Naangalia na kuandika. Mahojiano yakiwa ya Kimaasai au Kiluo, nadai tafsiri inayoonyesha kila sentensi inaanza na kuisha wapi. Bila hiyo utamkata mzee katikati ya methali, na watu wa kwao watacheka pasipo na kichekesho.

Halafu kuna ukimya. Mama anaulizwa habari za mwanawe, ananyamaza, anajifunga upya khanga, ndipo anajibu. Aliyezoea matangazo ataufyeka ukimya ule. Mimi nauacha, na pengine naitanguliza sauti ya tukio linalofuata kabla picha haijabadilika. Ila mpiga picha awe amenirekodia nusu dakika ya sauti ya chumba kile bila mtu kuongea, maana ndiyo ninayozibia mikato. (Wengi husahau!)

Kwenye mkataba, malipo ya awali yaje kabla ya diski, na nakala moja ya picha ikae jengo lingine. Picha ikishafungwa, yaani tukishakubaliana kuwa mikato haibadiliki tena, badiliko lolote lina bei yake: mtu wa sauti na mtu wa rangi wameshaanza, na ukitoa sekunde mbili tu, kila kilicho mbele kinasogea. Wimbo wa redio uliosikika ndani ya matatu uutaje mapema, kwa sababu ruhusa yake inaweza kuzidi malipo yako yote.