MARC zinatofautiana

Wengi huamini kwamba maktaba mbili zikitumia MARC, muundo wa kuandika rekodi za katalogi kwa kompyuta, rekodi hizo zitavuka mpaka zikiwa salama. Hapana. ISO 2709, kiwango cha kimataifa cha kubadilishana rekodi hizo, ni bahasha tu, yaliyomo hutofautiana. MARC 21, iliyotokana na kuunganishwa kwa mifumo ya Marekani na Kanada mwaka 1999, huweka jina la kitabu kwenye uga (sehemu ya rekodi yenye namba) 245 na ISBN kwenye 020. UNIMARC, aina nyingine ya MARC, huyaweka kwenye 200 na 010. Ukipakia bila kuoanisha nyuga, kitabu huweza kuingia bila jina, na mara nyingi programu haisemi kitu.

Balaa kubwa ni herufi. Rekodi ya MARC 21 huanza na herufi 24 za utambulisho. Nafasi ya 09 ikiwa na “a”, data ni Unicode, ikiwa tupu ni MARC-8; hizi ni njia mbili tofauti za kusimba herufi. Alama ikidanganya, “é” hugeuka takataka. Tena urefu wa kila uga huhesabiwa kwa baiti, kwa hiyo ukihariri faili la rekodi hizi kama maandishi ya kawaida, hesabu zote huvurugika. Ligeuze kwanza kuwa MARCXML (MARC iliyoandikwa kwa XML), kisha pakia rekodi chache za majaribio, hasa zenye majina yenye herufi za alama kama “é”.