Bellatrix si mrembo: nondo wa marejea na majina yanayofanana

Amphicallia bellatrix ni nondo mkubwa wa rangi ya chungwa, mwenye mikanda ya buluu iliyoiva hadi kukaribia weusi, na mabawa yake yakitandazwa yanapita sentimita 5. Anapatikana Kenya, Tanzania, Kongo, Msumbiji na kusini zaidi, na viwavi wake hula majani ya Crotalaria, jamii ya mimea ambayo wakulima wa Tanzania wanaijua kwa marejea. Si mgeni kwetu. Majina yake ndiyo yamejaa mitego.

Dhana: bellatrix maana yake "mrembo"

Kosa hili lina sababu. Jina lake la Kiingereza, linalotumika sana Afrika Kusini, lina maana ya "chui-milia mrembo", na jicho likipita juu ya neno la Kilatini linaiona *bella* imekaa mbele. Basi watu hufunga hesabu hapo.

Ukweli ni kwamba bellatrix ni mpiganaji wa kike. Shina lake ni *bellare*, kupigana, kutoka *bellum*, vita. Kile kiishio *-trix* humtaja mtendaji mwanamke, kama *-tor* kinavyomtaja mwanamume: bellator ni askari mwanamume, bellatrix ni mwenzake wa kike. Maana ni hiyo hiyo kwa nyota Bellatrix iliyo begani mwa kundi la Orion. Aliyempa nondo huyu jina hilo ni Dalman, mtaalamu wa wadudu kutoka Sweden.

Kinachochanganya ni Kilatini chenyewe. *Bella* inaweza kuwa "mzuri" wa kike, na inaweza kuwa wingi wa *bellum*, yaani "vita". Kaa la moto na kaa wa pwani hawana undugu, na hizi bella mbili ni vivyo hivyo.

Ukishaishika *-trix*, fumbo la pili linajifungua lenyewe. Kule Amerika yuko nondo mwingine, Utetheisa ornatrix. *Ornare* ni kupamba, na ornatrix katika Roma ya kale alikuwa mjakazi wa kumsuka na kumpamba bibi yake. Msusi, kwa ufupi. Linnaeus, mwanasayansi wa Sweden aliyeweka utaratibu wa majina haya ya kisayansi, alimwandika mwaka 1758, na mwaka huo huo akaandika "aina" nyingine aliyoiita bella, safari hii kwa maana ya uzuri kweli. Baadaye ilibainika kuwa ni nondo mmoja anayebadilika rangi kutoka eneo hadi eneo, na jina lililosalia ni ornatrix. Ukikuta maandishi ya zamani yakitaja Utetheisa bella, soma ornatrix.

Dhana: isabella nayo ina bella ndani

Herufi zimo, maana haimo. Isabella ni umbo la Elisabeti, jina la Kiebrania. Nondo anayelibeba, Pyrrharctia isabella wa Amerika Kaskazini, ni wa rangi ya manjano iliyofifia kuelekea kahawia, rangi ambayo Ulaya iliitwa kwa jina hilo la kike. Kiwavi wake mwenye manyoya meusi na mkanda wa kahawia husemekana kutabiri ukali wa majira ya baridi. Hatabiri kitu: mkanda unapanuka kadiri anavyojivua ngozi na kukua.

Dhana: Arctia na Arctiinae ni nondo wa Aktiki

Nondo hawa wote wamo katika nusufamilia ya Arctiinae, ambayo zamani ilihesabiwa kuwa familia kamili, Arctiidae, na sasa imo ndani ya Erebidae. Mzizi ni *arktos* ya Kigiriki: dubu. Jina limetokana na viwavi wengi wa kundi hili kuwa na manyoya kama dubu. Aktiki imetoka kwa dubu huyo huyo, ila yule wa nyota za kaskazini. Kwa hiyo mdudu mmoja anaitwa dubu kwa kisayansi na chui-milia kwa Kiingereza, naye haishi na yeyote kati yao: Afrika haina chui-milia wa porini.

Nondo wa kwetu naye ana pacha wa jina. Hapo upatanisho wa sarufi unamaliza ubishi: nondo *huyu* ana mabawa, nondo *hii* ni ya milimita 12 na inaingia kwenye zege.

Dhana: ukimwona wa rangi ya chungwa mchana, huyo ni kipepeo

Tazama vipapasio kwanza. Vya kipepeo vina kirungu nchani. Vya nondo ni kama uzi au kitana. Kipepeo anayechanganywa zaidi ni Danaus chrysippus, wa chungwa pia, ambaye ncha za mabawa yake ya mbele ni nyeusi zenye mabaka meupe, na akitua hufumba mabawa wima juu ya mgongo. Bellatrix huyalaza kama paa la nyumba.

Ukikuta kwenye marejea nondo mdogo mweupe, mwenye vidoa vyekundu na vyeusi, upana wa sentimita 3 hadi 4, huyo ni Utetheisa pulchella. *Pulchella* kweli ni "kirembo": *pulchra* ni nzuri, na *-ella* inadogosha kama *ki-* yetu. Huruka mchana ukimshtua kwenye majani, masafa mafupi, kisha hutua. Yupo pia Utetheisa pulchelloides wa Asia, Australia na visiwa vya Bahari ya Hindi. *-Oides* ni "mfano wa", na kwa kweli wanafanana kiasi kwamba picha haitoshi. Hukaguliwa viungo vya uzazi vya dume chini ya hadubini.

Dhana: unga wa mabawa unapofusha

Ule unga ni magamba madogo sana. Ukiingia jichoni unawasha. Osha kwa maji safi. Sumu ya Utetheisa iko mwilini na huwadhuru wanaomla: kiwavi huipata kwenye Crotalaria, zaidi kwenye mbegu, na kwa ornatrix imethibitishwa kuwa dume humpa jike sehemu ya sumu hiyo pamoja na mbegu za uzazi, naye jike huipitisha kwenye mayai. Buibui wa Amerika akimnasa ornatrix mwenye sumu humkatia nyuzi moja moja mpaka aanguke huru. Habari hiyo husimuliwa mtandaoni chini ya picha za pulchella, kosa jingine la majina.

Kwa mwenye shamba la marejea au bustani ya mitoo (Crotalaria inayoliwa kama mboga ya majani), jambo la kukagua ni maganda. Viwavi wa Utetheisa hutoboa ganda na kula mbegu ndani, kwa hiyo ganda lenye tundu la duara huchumwa na kuharibiwa kabla ya kuvuna mbegu. Wa bellatrix wanaonekana wazi juu ya majani. Wakiwa wachache, kuwaokota kwa kijiti kunatosha. Mbegu za Crotalaria zisichanganyike na nafaka ya chakula wala ya mifugo, kwa sababu sumu ile ile huharibu ini.