Antholojia si tamthilia

Juzi barazani Jaws Corner, hapa Mji Mkongwe wa Unguja, kikombe cha kahawa mkononi, kijana mmoja alitusimulia filamu ya Meksiko aliyoiangalia, akamalizia kwa kulalamika: "Tamthilia gani hii, kila kipande watu wapya!" Lawama hiyo nimeisikia mara nyingi, na filamu haistahili.

Filamu ya antholojia ni filamu moja yenye filamu fupi kadhaa ndani yake, kila moja na kisa chake, aghlabu na mwongozaji wake, zote zikishughulika na jambo moja. Basi.

Utamu uko kwenye neno lenyewe. Kwa Kigiriki anthos ni ua, na legein ni kuchuma, kukusanya. Sisi Waunguja kitu hicho tunakivaa: kikuba. Bibi yangu akikaa ukumbini jioni, sinia mbele yake, anachagua asumini, mrehani, kipande cha mkadi, anavifunga uzi. Asumini haigeuki mrehani kwa kufungwa pamoja. Kila kimoja kinanukia chake, na harufu ya kikuba ni ya vyote. Koja ni kazi nyingine: asumini kwa asumini, moja nyuma ya mwenzake, na ukichopoa ya katikati pengo linaonekana. Tamthilia, kisa kimoja kinachoendelea sehemu kwa sehemu, ni koja.

Wapo wanaosema "filamu ya diwani". Neno zuri, lakini diwani, yaani mkusanyo wa mashairi, masikioni mwetu aghlabu ni ya malenga mmoja, na hapa mikono ni mingi.

Filamu ya yule kijana ni Revolución ya mwaka 2010: waongozaji 10, miaka 100 tangu mapinduzi ya Meksiko ya 1910. Uzi wao ni swali: mapinduzi yale yana maana gani leo? Fernando Eimbcke anamleta mwanakijiji anayefanya mazoezi ya tuba, kijiji kikijiandaa kwa mapokezi. Rodrigo García anawapitisha wanamapinduzi juu ya farasi, polepole, kwenye njia panda ya Los Angeles ya leo, na watu wanaendelea na shughuli zao. Sisi wa Mapinduzi ya Zanzibar ya 12 Januari 1964 hatuna haja ya kushangaa. Liulize swali hilo nyumba 10 za mtaa wa Ng'ambo hapa mjini, uone kama utapewa kisa kimoja.

Kwa hiyo, mwanangu, hukupitwa na kitu. Iangalie tena, na kipande kipya kikianza usimtafute mpiga tuba. Lake ameshalimaliza.