Lantana Uani: Kwa Nini Kufyeka Hakutoshi

Mvua za masika zinapopungua mwezi wa Mei, wenye nyumba wengi jijini Nairobi hulalamikia kichaka kimoja chenye miiba midogo iliyopinda na vishada vya maua ya manjano na waridi, ambacho hufyekwa leo na baada ya wiki chache kikawa kimechipua upya, tena kwa wingi kuliko awali. Kichaka hicho ni lantana. Asili yake ni Amerika ya Kati na Kusini, kikaenezwa kama pambo la bustani, na leo kimo katika orodha ya IUCN, shirika la kimataifa la uhifadhi wa mazingira, ya viumbe vamizi 100 vilivyo hatari zaidi duniani.

Uhai wa lantana haumo katika matawi, umo kwenye kitako cha shina, mahali linapokutana na mizizi. Panga likipita juu ya hapo huamsha machipukizi mengi mapya. Kwa hiyo matawi yapunguzwe kwanza ili mtu apate nafasi, kisha kitako king'olewe chote kwa jembe au sururu, mfanyakazi akiwa amevaa glavu nene na mikono mirefu. Udongo mweusi wa Embakasi ukikauka huwa mgumu mno, hivyo ni afadhali kazi ifanywe siku chache baada ya mvua.

Ni muhimu pia kuwahi kabla matunda hayajaiva na kuwa meusi, kwa sababu ndege huyala na kudondosha mbegu hadi kwa jirani. Matunda mabichi ni sumu, na ninawasihi wazazi wasiyapuuze. Majani nayo hudhuru ini la ng'ombe na mbuzi, basi yasitupwe zizini.

Uani pakiwa na mpungate pia, yaani mmea wa jamii ya kaktasi wenye mashina bapa yenye miiba, unahitaji uangalifu wa aina nyingine: usikatwekatwe kwa panga, maana kila kipande kinachoanguka chini huweza kuota mizizi. Vipande vyote viokotwe kwa koleo na kufukiwa kwenye shimo refu.

Ardhi iliyoachwa wazi hualika mbegu zilizolala udongoni, kwa hiyo pandeni upesi. Anayetaka ua wa miiba apande mtandamboo, ambao ni wa asili ya hapa na matunda yake yaliyoiva huliwa, huku akiendelea kung'oa miche ya lantana kila baada ya mvua kwa angalau miaka 2.