Sanaa ya dhana si kila mchoro usioeleweka

Pakitundikwa mchoro wa madoa na mistari mitupu, hakosekani mtu wa kusema, "Hiyo ni sanaa ya dhana." Sivyo. Mchoro wa namna hiyo bado unategemea rangi na mkono wa mchoraji. Katika sanaa ya dhana, wazo ndilo kazi yenyewe. Kitu cha kutazama chaweza hata kisiwepo.

Mfano ulio wazi zaidi ni wa Yoko Ono, msanii wa Kijapani. Mei 1962, katika kituo cha sanaa cha Sogetsu jijini Tokyo, alitundika karatasi zenye maelekezo tu. Michoro yenyewe haikuwapo: msomaji ndiye aliyetakiwa kuiunda, kwa mikono yake au kichwani mwake. Hata mwandiko haukuwa wa Ono. Maelekezo yalinakiliwa kwa Kijapani na mumewe wa wakati huo, mtunzi wa muziki Toshi Ichiyanagi. Mkono wa msanii ulikuwa umeondolewa kabisa, na kwa makusudi. Mwaka 1964 maelekezo ya aina hiyo yakatoka kama kitabu, Grapefruit, nakala 500.

Jina "sanaa ya dhana" lilitumiwa na Mmarekani Henry Flynt mwaka 1961, lakini lilienea baada ya makala ya 1967 ya msanii Mmarekani Sol LeWitt. Basi wengi huanzia hesabu hapo, na Ono hubaki kutajwa kama mke wa John Lennon, mwanamuziki wa Beatles. Hilo linaniudhi. Wawili hao walikutana London Novemba 1966, miaka minne baada ya Sogetsu!

Wala Ono hakuwa peke yake. Mwaka 1965 msanii Mieko Shiomi, mzaliwa wa Okayama, Japani, aliwatumia watu wa nchi mbalimbali barua: andika neno, liweke mahali, kisha nijulishe ni neno gani na liko wapi. Majibu akayageuza vibendera vidogo, akavichomeka kwenye ramani ya dunia. Kazi hizo aliziita mashairi, na aliendelea nazo kwa posta hadi 1975.

Sasa, zile turubai za mchoraji Mjapani Yayoi Kusama za mwishoni mwa miaka ya 1950, zilizojaa vitanzi vyeupe alivyovipaka kimoja kimoja kwa brashi, nazo huitwa sanaa ya dhana. Ukiondoa rangi pale, kazi imekwisha. Hizo tuziite sanaa dhahania, yaani ya rangi na maumbo yasiyoigiza kitu halisi.